Sentensi ya Nne

Tarehe kumi na moja mwezi wa tisa, mwaka jana, nilimpoteza mtani wangu. Alifia Mpwapwa, nyumbani kwake, baada ya kuumwa kifua kwa wiki tatu. Nimeandika "nilimpoteza" kwa sababu ndivyo watu wanavyosema wakifiwa. Ukweli ni kwamba nilikuwa nimeshampoteza miaka miwili kabla, na wala si kwa ugonjwa. Nilimpoteza kwa kalamu, mchana kweupe, nikiwa kazini, na nilijua ninachofanya. Elimu yangu ni darasa la saba. Naandika polepole ili nisijipendelee.

Mimi ni Mgogo wa vijiji vya chini ya milima ya Kibakwe. Yeye alikuwa Mhehe, mzaliwa wa Iringa, aliyekuja kuoa kwetu Mpwapwa akajenga huko huko. Wagogo na Wahehe ni watani. Babu zetu walipigana mpaka wakachoka, wakaweka mikuki chini, wakabaki na maneno. Mtani anaweza kukunyang'anya kofia njiani, akakuita mtumwa wake mbele ya wakwe zako, akala chakula chako huku unamtazama. Huruhusiwi kukasirika. Na ukifiwa, yeye ndiye anayekuja kuuvuruga msiba wako. Anaigiza kilio chako. Anaingia kaburini na kugoma kutoka mpaka apewe chochote. Anavaa nguo za marehemu na kutembea kama marehemu. Watu wanacheka huku wanalia, na msiba unabebeka. Hiyo ni kazi, na anayepewa anaheshimiwa.

Tulikutana Ipagala, Dodoma mjini, kwenye nyumba iliyopangwa na mradi mmoja kuwa ofisi yao. Mimi nilikuwa mlinzi wa mchana, yeye mtunza bustani aliyepanga chumba karibu na hapo. Kwa miaka sita, kila asubuhi, alilipiga geti la nondo kwa ngumi.

"Fungua, mtumwa! Mwenye mali amefika."

"Mwenye mali hali mbwa kama nyinyi Wahehe."

"Na wewe leo umekula nini? Mlenda. Jana mlenda. Kesho?"

"Kesho nakuja kumchukua dada yangu. Mbuzi ulioolea walikuwa wagonjwa, wawili walikufa kabla hawajafika zizini."

Alikuwa akiingia ananyakua kikombe changu cha chai, anakaa kwenye kiti changu, ananiamuru nimvue viatu. Mimi nilimfichia mpira wa maji kwenye maua, akautafuta mpaka saa nne. Mkewe, kwa kuwa ni Mgogo mwenzangu, aliniita kaka, na watoto wao waliniita mjomba. Msimu wa karanga alinitumia karanga kwa mkono wa mumewe, na mumewe aliniletea nusu. Nusu nyingine alisema ni ushuru wa kupita katika nchi ya watumwa.

Kibandani kwangu kulikuwa na daftari la matukio. Wakubwa wa mradi walikuwa watu wa nje, kwa hiyo daftari liliandikwa kwa Kiingereza. Sisi walinzi Kiingereza hatukijui, wakatubandikia ukutani karatasi yenye sentensi tano za kunakili. Ya kwanza ilisema geti limefungwa salama. Ya pili na ya tatu zilikuwa za magari kuingia na kutoka. Ya tano ilikuwa ya umeme kukatika. Ya nne ilikuwa hii: The visitor behaved aggressively and refused to leave.

Sikuwahi kuitumia. Lakini nilitaka kujua inasema nini, nikamuuliza karani wa ofisi, binti mmoja mpole. Akaniambia inasema mgeni amefanya fujo na amekataa kuondoka.

"Na hilo neno refu la katikati?"

"Aggressively? Kwa ukali. Kwa shari. Siyo mtu anaongea kwa sauti tu, hapana. Mtu amekuja anataka kukuumiza. Kama yule mbwa wa jirani akimwona mpita njia."

Nilimwelewa vizuri. Naliandika hili mapema kwa sababu baadaye nilitamani sana kusema kwamba sikuelewa.

Mtani naye aliipenda ile sentensi kwa jinsi ulimi wangu ulivyoshindwa kuitamka. Alisimama mlangoni pa kibanda, kifua mbele, akaisoma kama mwalimu mkuu siku ya kufunga shule. "Agresivuli!" Kila aliponinyang'anya chai alisema, "Andika, Mgogo! Andika namba nne!" Nami nilishika kalamu nikajifanya naandika. Tulicheka kila mara, kama jambo jipya.

Mwaka wa sita wa kazi yetu, karanga zikiwa zinang'olewa, mama yangu alifariki. Nilikwenda nyumbani siku tano. Mtani aliomba ruhusa aje kuzika, wakamkatalia, maana wiki hiyo alikuwa anafika mkubwa mpya na bustani ilitakiwa ipendeze. Kwa hiyo msiba wangu alibaki nao moyoni. Mkewe alihudhuria, na yeye ndiye aliyemsimulia kwa simu jinsi nilivyoanguka pale kaburini na nilivyokuwa nikiita.

Nilirudi kazini siku ya sita. Alikuwa amenisubiri. Amejitanda kanga ya mkewe kichwani, amefunga kamba ya katani kutoka nguzo moja ya geti hadi nyingine, na mkononi ana kopo la majivu. Kabla sijaweka begi chini alinipaka majivu usoni, akanisukuma mbali na kiti changu, nikakaa chini kwenye kokoto. Akachukua rungu langu na funguo. Akaanza kulia kwa sauti yangu.

"Mama! Mama weee! Nani atanipikia mlenda?"

Akina mama waliokuwa wakipita na mabeseni ya mboga walisimama. Mmoja alisema, "Huyo ni Mhehe, anadai haki yake. Mpe, kaka, msiba uishe." Walicheka. Kila kitu kilikuwa sawasawa kama kinavyotakiwa kuwa. Zamu yangu ilikuwa ni kucheka, kumtupia chochote, hata kiberiti, na kumwita mla mbwa.

Sikucheka. Alivyoita "mama" ndivyo nilivyoita mimi. Aliigiza vizuri mno. Nilikaa pale chini nikamchukia. Naandika lilivyo: nilimchukia, kwa muda mfupi kama wa kunywa kikombe cha maji.

Wakati huo huo gari la ofisi likapiga honi nje. Ndani yake alikuwa mkubwa mpya, mama mmoja wa Kizungu ambaye hakuwa amemaliza hata mwezi hapa nchini. Mtani hakuangalia ni gari la nani. Alipiga geti kwa rungu akapaza sauti, "Hapiti mtu! Mgogo hajalipa!" Alipoliona lile gari vizuri alishtuka, akaikata kamba, akafungua, akavua kanga. Lakini yule mama alikuwa ameshaona: mlinzi yuko chini, ana majivu usoni, na mtunza bustani amesimama juu yake na rungu.

Dereva alikuwa anacheka. Alimwambia kwa Kiingereza, na neno "utani" nililisikia mara mbili. Mama yule alishuka, akanitazama mimi. Dereva akatafsiri. "Anauliza umeumizwa?"

Ningesema hapana. Neno moja lingetosha. Niliinamisha kichwa nikajifuta majivu kwa mkono wa shati, nikanyamaza. Kunyamaza kwangu kulijibu.

"Anasema uandike kwenye daftari kilichotokea. Atalisoma mwenyewe saa nne."

Niliingia kibandani. Mtani alisimama mlangoni, akaniona nashika kalamu. Alikuwa bado anahema kwa kicheko. Akaninong'oneza, "Andika, Mgogo. Andika namba nne." Halafu akaenda kuwasha maji.

Kwa muda mrefu nimejitetea na hayo maneno yake. Sijitetei nayo tena. Alikuwa anatania, na mimi nilijua anatania. Niliinakili sentensi ya nne, nikaondoa neno la mgeni, nikaweka neno la mtunza bustani, ambalo nililijua kwa sababu lilikuwa kwenye orodha ya wafanyakazi. Nilinakili herufi kwa herufi. Mwandiko wangu siku hiyo ulikuwa mzuri kuliko siku nyingine zote. Saa nne mama yule alikuja, akasoma, akatikisa kichwa kwa masikitiko, akanishika bega.

Bado nilikuwa na nafasi. Dereva aliniambia mchana, "Mzee, nenda na mimi ukamweleze, mimi nitatafsiri. Hajui mila zetu, ataelewa." Nikasema nitakwenda kesho. Kesho nikasema kesho. Siku ya tatu mtani alipewa barua.

Alitoka na viatu vyake vya mpira kwenye mfuko. Alisimama mbele yangu.

"Mtani, ile namba nne uliiandika kweli?"

"Niliandika ulivyofika," nikasema. "Muda wa kufika."

Alinitazama. Sidhani kama aliniamini, lakini hakunibishia. Alinipa mkono wa kulia, ule mkono wa kushoto akaushikisha kwenye kiwiko, kama mtu anavyompa mkono mgeni wa heshima. "Haya, mzee. Kazi njema." Hakuniita mtumwa. Miaka sita hakuwahi kunisalimia kwa adabu, na siku ile alinisalimia. Sijawahi kutukanwa nikaumia namna ile.

Baada ya hapo nililisikia lile neno mara nyingi, kwa kuwa sikio langu sasa lilikuwa linalitafuta. Siku moja maofisa walifanya kikao barazani, karibu na geti. Kijana mmoja mwenye tai aliwaambia wenzake kwa ule mchanganyiko wao, "Mwaka huu lazima tufanye kazi aggressively." Wakampigia makofi. Nilimuuliza karani, likitumika hivyo maana yake nini. Akasema hapo ni sifa, ni kufanya jambo kwa bidii na kwa nguvu zote bila kusitasita. Kumbe mtu anaweza kusifiwa kwa neno hilo hilo na mwingine akafukuzwa nalo. Inategemea nani anasemwa, na nani ameshika kalamu. Nilirudi kibandani nikaitazama ile karatasi ukutani. Nilitaka kuibandua. Sikuibandua.

Mtani alirudi Mpwapwa akawa anapasua kokoto. Nilipita huko mara tatu, na mara zote alinisalimia kwa adabu, "Habari za Dodoma, mzee," akanikaribisha maji, akarudi kwenye nyundo. Sijui kama vumbi la kokoto ndilo lililomuua. Daktari hakusema hivyo. Sitajishtaki kwa nisilolijua, yapo ya kutosha ninayoyajua.

Nilipopata habari nilipanda basi la asubuhi. Ndugu zake walikuwa wameshafika kutoka Iringa. Nilipokaribia uwanja wa msiba nilisikia sauti, "Mtani wake wa Dodoma huyo! Amefika!" Wakanifungulia njia. Mjane aliniita kwa kilugha chetu, akaniambia, "Kaka, walikuwa wanakungoja wewe. Wengine wote hawamjui kama wewe."

Nilikuwa nimepanga njiani kwamba nitakaa nyuma na kulia kimya. Lakini waliniletea koti lake. Kakake mkubwa, mzee wa mvi, alisema, "Mgogo, unaogopa kufanya kazi?" Nililivaa. Nikafunga kamba kiunoni ikawa mpira wa maji, nikatembea mwendo wake, bega moja juu, nikimwagilia watu na kuwatukana waliochelewa kuota. Uwanja mzima ulicheka. Mjane alicheka mpaka akashikilia mwenzake. Niliigiza vizuri, kama alivyoniigiza mimi. Koti lilikuwa na harufu ya moshi na jasho lake. Sijawahi kujisikia mchafu kama nilivyojisikia nikipigiwa vigelegele.

Siku ya pili baada ya maziko mjane aliniita chini ya ukuta wa jikoni. Alikuwa na binti yake, yupo kidato cha tatu. Alinipa karatasi iliyokunjwa mara nne.

"Baba yao aliniambia amepunguzwa kazi kwa sababu mradi umeishiwa. Jana tunapanga nguo tukaikuta hii. Huyu kaisoma. Anasema baba yake alifukuzwa kwa kupiga watu."

"Kumtishia mlinzi kwa silaha," binti alisema. Hakunitazama. "Aggressively. Imeandikwa."

"Kaka, mimi nimeishi naye miaka kumi na saba hajaninyanyulia mkono. Lakini huyu tangu jana hasemi. Kesho tunakwenda kuweka mawe kwenye kaburi, anasema hataenda. Wewe ulikuwepo. Neno hili maana yake nini? Na huyo mlinzi ni nani?"

Niliikunja barua nikaifungua tena. "Ni maneno ya ofisini," nikasema. "Wanaandika hivyo kwa kila mtu. Walinzi tulikuwa wengi."

Mjane aliguna. Binti aliichukua barua mkononi mwangu, akasema, "Asante, mjomba," akaondoka. Nilimwona usoni. Nilikuwa nimemthibitishia kwamba baba yake alikuwa mtu wa shari.

Asubuhi yake watu walikusanyika kunywa uji kabla ya kwenda kaburini. Binti alikaa mbali, amegeuza mgongo. Nilisimama katikati ya uwanja, nikiwa sijapanga maneno. Nikasema, "Mlinzi ni mimi. Marehemu hakumtishia mtu. Alikuja kufanya msiba wa mama yangu getini, kama mila inavyotaka, na mimi nikamwandikia kwa Kiingereza kwamba alikuja kwa shari. Nililijua hilo neno. Ndiyo maana alifukuzwa."

Wakacheka.

Walicheka wote, Wahehe na Wagogo. Mzee mmoja wa Iringa alijipiga goti. "Mwoneni! Mgogo amemfukuza Mhehe kazi kwa Kiingereza! Amekijulia wapi?" Mwingine akapaza sauti, "Mtozeni faini ya beberu!" Mtani akisimama msibani, lolote atakalosema ni utani. Niliirudia habari yote kwa sauti kubwa zaidi, na kadiri nilivyosisitiza ndivyo walivyocheka. Nilianza kulia. Wakasema naigiza.

Mjane ndiye aliyesema, "Nyamazeni. Hatanii."

Hakusema kwa nguvu. Kicheko kiliisha kidogo kidogo, wa mwisho alikuwa yule mzee aliyejipiga goti. Kakake marehemu aliweka kikombe chake chini. "Rudia," akasema, "taratibu."

Nilirudia. Nilieleza kuhusu majivu, kanga, rungu, dereva aliyenisihi, siku tatu nilizosema kesho, na jinsi nilivyomdanganya mwenyewe aliponiuliza. Nilieleza pia yale ya jana, kwamba nilimdanganya dada yangu na mwanawe hapo jikoni. Nilipomaliza, kakake aliniuliza swali moja tu.

"Alijua?"

"Nadhani alijua."

"Na hakumwambia mkewe."

"Hakumwambia."

Nilitegemea anitukane, au aniamuru niondoke. Mzee alimgeukia binti akasema, "Umesikia, mama? Baba yako alikuwa amekwenda kulia msiba wa mwenzake. Basi."

Binti aliinuka. Alikwenda kwenye lundo la mawe kando ya nyumba, akachukua karai, akaanza kulijaza. Alijaza mpaka juu. Nilimfuata, nikainama nishike upande mmoja tulinyanyue pamoja ajitwishe.

"Acha, mjomba," alisema. "Nitabeba mwenyewe."

Alijitwisha bila msaada. Mama yake akachukua karai jingine, na wengine wakafuata nyuma yao, kwenye njia nyembamba ya kwenda kaburini. Kakake marehemu alipita karibu yangu, akasimama, akasema basi la Dodoma linaondoka saa tano. Nikasema najua. Nilisimama pale kwenye lundo la mawe mpaka mtu wa mwisho alipopotea nyuma ya miti ya miyombo, kisha nikaingia ndani kuchukua begi langu.